Karatasi Niliyoirudisha Tupu

Koekelberg, Brussels, Jumanne jioni

Naomi, mwanangu wa pekee, na mbishi kuliko watoto kumi,

Saa tatu na nusu imepita na nje bado kweupe. Jua la Juni la huku halijui kwenda kulala. Wewe umelala. Begi lako liko mlangoni na sitaligusa tena. Habari za sweta, dawa ya tumbo na ile binzari uliyoificha ndani ya kiatu nimeshazisema mpaka nimejichosha mwenyewe. Barua hii haina hata sweta moja.

Ninaandika kwa sababu ya maneno uliyoyasema Jumapili. Ulikuwa umekaa hapa hapa ninapokaa, mkataba wa wale watu wa filamu wa Tokyo umeutandaza mezani, unakula embe. Nikakuuliza jina lako watalitia wapi. Ukasema mwishoni kabisa, baada ya madereva na wapishi, kwenye mstari wa "kwa msaada wa". Jina la baba yako litakuja peke yake mwanzoni, maana jina la marehemu ndilo linalojaza ukumbi. Nikauliza, na wewe umeridhika? Ukaramba kidole, ukasema, "Haidhuru, Mama. Ni jina tu."

Nikaenda kuosha vyombo vilivyokuwa safi.

Sikiliza. Baba yako alipofariki, majira ya baridi ya mwaka juzi, ile skripti yake ya mwalimu wa kuogelea anayeogopa maji ilikuwa imefika onyesho la hamsini na moja. Kuanzia la hamsini na mbili mpaka mwisho umeandika wewe, mwaka mzima, kila ukitoka kazini. Nilikusikia ukicheka peke yako chumbani. Nilikusikia ukilia pia, nikajifanya natafuta ndoo. Mtu wa kazi hiyo si "msaada wa" mtu yeyote. Kesho unapanda ndege kwenda kukaa na watu hao, na kalamu watakupa wao. Kabla hujaishika, kuna neno nilitakiwa kukuambia miaka minane iliyopita, nami nikanyamaza kama nimemeza jiwe.

Maman Béatrice wa ghorofa ya chini ameshanigundua. Leo asubuhi amenikuta kwenye ngazi na uso wangu huu, akaniambia kwa Kiswahili chake cha Lubumbashi, "Maman Naomi, unalia juu ya nini? Mutoto anaenda kutumika, ni kazi, haendi kufa." Nikamwambia kuna jambo sijamwambia mtoto. Akaweka mfuko wake wa viazi chini. "Bon. Umuambie leo, alors. Ukingojea afike kule utamuambia na telefone, na telefone haina macho." Amesema kweli. Lakini na mimi macho yako siyawezi, ndiyo maana nimeshika kalamu.

Nianze na baba yako, kwa kuwa ulimpata akiwa mzee mwenye miwani mbili na mgongo mbovu, ukadhani alizaliwa hivyo.

Alianza kazi ana miaka ishirini na miwili. Zamani zile kwao Japani, kampuni ya filamu ikitaka hadithi iliwachukua waandishi ikawafungia kwenye nyumba ndogo ya wageni huko milimani, na mtu wa kampuni akakaa karibu na mlango mpaka skripti ikamilike. Waliandika kwa penseli, kwenye karatasi zenye vyumba mia mbili, kila herufi na chumba chake. Na taratibu zao zilikuwa hizi: onyesho moja linaandikwa na wote, kila mtu kivyake, kimya. Halafu mwandishi mkuu anazisoma zote, anachagua moja. Zilizobaki zinapelekwa kuwashia moto wa maji ya kuoga. Miaka minne, Naomi, karatasi za baba yako zilipasha maji wakaoga watu wengine.

Mwaka wa tano mkuu akachukua mstari wake mmoja. Mmoja! Ulikuwa: "Chai imepoa." Basi, hapo ndipo ilipoanza kazi ya mwandishi yule ambaye leo wanataka jina lake liwajazie ukumbi. Familia yao yote ilikwenda sinema, watu kumi na mmoja, na mwigizaji alipotamka "Chai imepoa" wakapiga makofi mpaka ukumbi mzima ukageuka. Majina yakaja, yakapita. Lake halikuwemo. Halikuwemo katika filamu ile, wala saba zilizofuata, ingawa katika hizo alikuwa akiandika nusu nzima. Mama yake hakuuliza kitu. Walipotoka alimnunulia kiazi kitamu cha kuchoma, akamtia mkononi. Baba yako alikuwa akisema kiazi kile kilimuuma kuliko jina.

Usimwonee huruma sana. Baadaye jina alilipata, tena kubwa. Kisha kampuni za filamu zikayumba, akahamia kwenye tamthilia za polisi za televisheni, ambazo muuaji wake alikuwa daktari wa meno karibu kila mara, kwa kuwa yeye mwenyewe alimwogopa daktari wa meno. Ndipo akaja Brussels kuandika filamu ya Wajapani na Wabelgiji kwa pamoja. Mradi ukafa ndani ya miezi sita. Yeye akabaki, na chumba kimoja karibu na Flagey, na mashine ya faksi.

Mimi nilikuwa mlezi wa watoto wa mwanadiplomasia. Kila mchana nawapeleka kwenye mabwawa kutazama mabata. Pale benchini alikuwepo mwanamume anajisemesha, anajijibu, kisha anajikasirikia. Nikahamisha watoto. Kumbe alikuwa anaonja maneno ya waigizaji wake. Wiki ya pili akanifuata kuomba radhi kwa kuniogopesha, akaniuliza natoka wapi, na mimi kwa kuwa nilikuwa na hamu ya kwetu nikamsimulia habari za bibi yako na kile kiti.

Unaijua, lakini acha niiseme, maana leo ni yangu. Baba yangu alikuwa mlinzi wa kiwanda cha mbao nje ya Morogoro. Alipokufa tukapewa siku saba tuhame nyumba ya kazini. Siku ya saba bibi yako akatoa kiti mlangoni, akakaa. Hakupiga kelele, hakulaani mtu. Alipika pale pale mlangoni, akatusuka nywele pale pale, na aliyetaka kuingia kutoa vitanda ilibidi kwanza amnyanyue mjane mwenye sufuria ya moto. Meneja alipomuuliza anafanya nini, akasema, "Nimechoka kusimama." Siku kumi na moja! Siku ya kumi na mbili wakaleta barua kwamba tukae mpaka mitihani ya shule iishe. Hakushinda vita, sikudanganyi. Tulihama. Lakini mimi nilifanya mtihani nikiwa na kitanda cha kulalia.

Wanaume wengine wakikupenda wanauliza unakula nini. Baba yako aliuliza kiti kilikuwa na mgongo au hakikuwa nao. Akauliza sufuria ilikuwa upande gani, na mlango ulifungukia ndani au nje. Tulioana, naye bado anauliza. Kisha akasema tuiandike pamoja, na tukaiandika kwa taratibu za kule milimani: onyesho moja, kila mtu kivyake. Mimi Kiswahili, kwenye daftari la mistari. Yeye Kijapani, kwenye vyumba vyake mia mbili. Namsomea kwa Kiingereza chetu cha jikoni, ananisomea, tunachagua. Maonyesho tisini na manne. Ya kwangu yalikuwa thelathini na sita. Nilihesabu, na nina haki ya kuhesabu.

Katika skripti mji ukawa wa kwao, kaskazini kwenye baridi kali. Theluji ikachukua nafasi ya vumbi la mbao. Kiti kilibaki kiti.

Filamu ikatoka, ikasifiwa, ikampa baba yako tuzo, na jina langu halikuwemo. Hilo unalijua. Usichokijua nakuja nacho, nivumilie, hata nzi hufika anakokwenda.

Nilikuwa mbaya, Naomi. Sikwenda kuitazama. Ile tuzo, chuma kizito kile, niliifanya kizuizi cha mlango wa choo, na wageni wakiuliza nasema inafaa sana, haitelezi. Baba yako alikuwa akiiruka kila asubuhi. Na wewe ulipokuwa na miaka tisa ukaandika hadithi yako ya kwanza, ya paka anayeendesha tramu, niliitia kwenye mfuko mweupe wa taka, nikakuambia uandishi ni njaa na ufedhuli, usome uuguzi. Ulitafuta paka wako siku mbili. Nilikusaidia kumtafuta. Loo, mtu mzima mimi, nimepiga magoti chini ya kitanda natafuta kitu nilichokitupa mwenyewe! Nilikuwa nawatoza ninyi wawili kwa jambo ambalo hamkulifanya.

Ulipofika miaka kumi na sita wakaionyesha filamu kule Flagey, kwenye jengo la sanaa. Ulikwenda na rafiki zako bila kutuaga. Jioni ukatupigia simu tuje uwanjani, sasa hivi, wote wawili. Tulikukuta karibu na kibanda cha chipsi umesimama mikono kiunoni, kama bibi yako kabisa. Ukamwambia baba yako mbele za watu, "Yule ni Bibi. Kile ni kiti cha Bibi. Jina la Mama liko wapi?"

Baba yako akasema, "Twende nyumbani, tuiandike."

Kila ugomvi wa nyumba hii ulikwisha hivyo, unakumbuka. Nani alivunja kikombe, nani alimtukana nani: kila mtu karatasi yake, anaandika onyesho kama lilivyokuwa, halafu tunabadilishana kusoma kwa sauti. "Usiniambie nani ana makosa," alikuwa akisema, "niandikie nani alisimama wapi." Basi tukakaa hapa. Wewe uliandika uliyoyaona kwenye filamu. Baba yako aliandika. Mimi nilikaa nusu saa na penseli, nikarudisha karatasi tupu.

Wewe ndiye uliyesoma yake. Jikoni, jioni, mvua, simu kutoka Tokyo: kampuni haitaki jina la mwanamke wa kigeni asiyejulikana. Mwanamume anavuta karatasi ya kwanza, anachukua kalamu, anafuta jina la mke wake. Ukasoma mpaka mwisho, ukamwangalia, ukasema, "Mwizi." Akainamisha kichwa. Nami nilikuwa hapa, Naomi, viganja viwili kutoka kwenye mkono wake, na karatasi yangu nyeupe mbele yangu.

Mwaka mzima hukula naye meza moja. Baadaye mlipatana kidogo kidogo, na mwishoni, kule hospitalini Woluwe, ulimwekea kichwa kifuani ukamwambia umemsamehe. Akanitazama juu ya nywele zako. Akatikisa kichwa kidogo tu, kwamba ninyamaze. Nikanyamaza tena.

Umemsamehe kosa ambalo si lake. Haya, onyesho ninalodaiwa hili hapa, limechelewa miaka minane.

JIKONI, KOEKELBERG. JIONI. MVUA.

Mwanamume bado ameshika simu, ingawa imeshakatwa. Mwanamke amekaa mezani, ana mimba ya miezi mitano. Vikombe viwili. Mbele yao skripti imefungwa kwa uzi, juu kuna majina mawili.

MWANAMUME: Wanataka jina lako litoke. Nimewaambia hapana.

MWANAMKE: Wakasemaje?

MWANAMUME: Kwamba hakuna filamu. Nimewaambia sawa, hakuna.

MWANAMKE: Wapigie tena.

MWANAMUME: Sipigi.

MWANAMKE: Mtoto anakuja.

MWANAMUME: Aje. Atakuta majina mawili.

Mwanamke anavuta skripti. Anachukua kalamu ya bluu. Mwanamume ananyoosha mkono kuizuia, mwanamke anausukuma. Anapiga mstari mmoja juu ya jina lake.

MWANAMKE: Haidhuru. Ni jina tu.

Mwanamume anaiweka simu chini. Anachukua kikombe cha mwanamke.

MWANAMUME: Chai imepoa.

Anakwenda kuipasha moto.

MWISHO.

Ndivyo ilivyokuwa. Katika karatasi aliyokusomesha kila kitu kilikuwa kweli, mvua, simu, hata vikombe. Alibadilisha mkono tu. Alikubali kuitwa mwizi na mtoto wake kipenzi ili wewe usijue kwamba mama yako, binti wa yule mwanamke wa kiti, aliinuka mwenyewe kabla hajaguswa.

Utauliza kwa nini. Nilimwogopa kaka yangu mkubwa, aliyekuwa ameandika kwamba nisiwaanike wazee wetu kwenye sinema. Niliogopa kodi ya nyumba. Lakini chini ya hayo yote kulikuwa na sauti moja mbaya iliyoniambia, wewe ni mlezi wa watoto wa watu, unajiona nani? Nikaitii. Sauti hiyo haina shukrani, mwanangu. Ukiitii mara moja inahamia kwako na mizigo yake, inakaa miaka ishirini na minne, inakula chakula chako na kuwatukana watu wako.

Sasa hasira yangu isome vizuri, isije ikapotea njia. Siwakasirikii wale wa Tokyo peke yao. Wao wanajaribu, ndiyo kazi yao, kama meneja wa kiwanda alivyojaribu. Nawakasirikia, ndiyo, na wakipiga simu hapa watakisikia Kiswahili cha Morogoro kisichotafsirika. Ila aliyenishinda ni mimi. Nilitoa kilicho changu kwa mkono wangu, nikawaadhibu waliokuwa wakinisihi nisikitoe.

Kwa hiyo "ni jina tu" usiniambie mimi. Kamwambie mama mwingine.

Watakuambia filamu itakufa. Ife! Nilikuwa naogopa sana filamu kufa. Skripti ya kiti imekaa juu ya kabati ndani ya sanduku la viatu miaka yote hii, haijaomba hata maji. Ya kwako nayo itakaa. Rudi nayo, chumba chako sikipangishi kwa mtu. Watakuambia kwamba ukikataa unamdhulumu marehemu. Hapo ndipo ucheke, ucheke kwa sauti kubwa, kwa kuwa sasa unajua marehemu alisema nini alipoulizwa swali hilo hilo. Alisema hapana, akakata simu. Mtu aliyekula kiazi kile na mama yake hawezi kutaka wewe uwe mstari chini ya wapishi.

Wala sisemi usitie saini. Una miaka ishirini na minne, mkono ni wako. Nasema ukitia, ujue ni wewe uliyetia, wala usije kumtafuta paka chini ya kitanda cha mtoto wako.

Utanikasirikia ukisoma. Kasirika. Utakaa angani saa kumi na nne, nafasi unayo ya kutosha. Ukimaliza, mwombe baba yako radhi huko huko utakakokuwa. Mimi yangu nimemwomba jioni hii, nikiwa nimesimama chooni na tuzo yake mkononi. Nimeipangusa. Iko mezani, na mlango wa choo unajifunga hovyo, tutazoea.

Nyuma ya barua hii nimekuwekea ile karatasi ya kwanza ya skripti ya kiti. Nimeitoa kwenye sanduku la viatu saa moja iliyopita. Utaona mwandiko wa baba yako, jina lake, na chini yake langu, kwa maandishi ya kwao. Kwa maandishi hayo Rehema ni michoro mitatu tu, mistari minne ya kalamu, na alinifundisha kuiandika kwenye mvuke wa kioo cha dirisha hili la jikoni. Utauona pia mstari wangu wa bluu.

Juu ya mstari huo nimeliandika tena. Mistari minne. Mchoro wa pili umekaa upande, na nimeuacha hivyo hivyo. Kaiweke karatasi hiyo juu ya mkataba wao. Wakisema ni karatasi ya zamani tu, usibishane nao. Vuta kiti, ukae.

Mimi mama yako,

Rehema Ferdinandi,
mwandishi.